Nguzo Mbili Zilizokosekana

Jeptoo hajawahi kufika Romania. Hata hivyo kuna nyumba moja katika jiji la Bukaresti ambayo mwaka jana aliijua kuliko alivyoijua nyumba aliyolelewa Kapsabet. Alijua upana wa kila ngazi yake. Alijua kwamba mlango wa jikoni ulikuwa umelalia kushoto kwa sentimita mbili, na kwamba ukuta mmoja wa sebule uliwahi kubomolewa na kujengwa tena na fundi asiyejali.

Aliijua kwa sababu ya kazi. Ofisi yao iko Lusail, kando ya Doha nchini Qatar, ghorofa ya saba, na kazi yenyewe ni ya kukaa. Mtu mwenye jengo popote duniani hutuma mpimaji na mashine ya leza. Mashine inasimamishwa katikati ya chumba, inazunguka polepole, inarusha mwanga ukutani na kurudi na mamilioni ya nukta. Nukta hizo hutumwa Doha, na hapo Jeptoo na wenzake wanne huzigeuza kuwa michoro ambayo wajenzi wanaweza kuisoma. Alikuwa amechora hospitali, maghala na hoteli kadhaa, na hakuna hata moja aliyoikumbuka wiki mbili baadaye.

Nyumba ya Bukaresti ilifika katikati ya Novemba. Mpimaji wake alikuwa msanifu majengo aitwaye Ilinca, mwanamke wa miaka hamsini hivi mwenye sauti ya mvutaji sigara. Siku ya kwanza walipoongea kwa video, Ilinca hakuanza na vipimo.

"Hii usiichore kama nyingine," alisema. "Baraza la mbele lina nguzo saba. Usichore moja ukainakili mara sita. Kila moja ina kichwa chake."

Jeptoo aliuliza ni mtindo gani huo, maana hakuwa ameona kitu kama hicho. Nguzo zilikuwa fupi na nene, zimesokotwa kama kamba. Matao juu yake yalikuwa na mikunjo mitatu. Pembeni kulikuwa na mnara wa mraba, paa lilitokeza nje ya kuta kama kofia pana, na chini ya paa ulipita mkanda wa vigae vya kijani vinavyong'aa.

Ilinca alifurahi kuulizwa. Alieleza kwamba kwa miaka mingi matajiri wa Bukaresti walijenga kama Wafaransa, mpaka mji ukaitwa Paris ndogo. Kisha, karne ya kumi na tisa ikielekea kuisha, wasanifu wachache wakaanza kuulizana nyumba ya Mromania ni ipi. Wakatoka mjini kwenda kutazama. Wakachukua baraza kwa mkulima, matao na nakshi kwa watawa, na mnara kwa wenye mashamba waliokuwa wakijikinga na wavamizi, wakaviweka vyote katika nyumba moja ya mjini na kusema hii ndiyo yetu.

"Na mkulima mwenye baraza alipata nini?" Jeptoo aliuliza.

Ilinca alicheka mpaka akakohoa. "Hilo swali waliliuliza wachache sana."

Jeptoo alichora baraza lile kwa wiki tatu. Nguzo ya tatu ilikuwa na zabibu na ndege anayetazama nyuma. Ya tano ilikuwa na majani, na jani moja la upande wa ndani halikumaliziwa. Fundi alikuwa amechonga mshipa wa katikati akaacha. Nyumba ilijengwa mwaka wa 1912, na Jeptoo alijikuta akiwaza ni nini kilimwita mtu yule, kama ni chakula au ni vita. Alilichora jani vilevile, nusu.

Jikoni, katikati ya nukta, kulikuwa na mtu. Hilo ni jambo la kawaida. Leza hainasi kuta peke yake, hunasa pia paka, magari na wapita njia, na kanuni ya ofisi ni kuwafuta kabla ya kuanza kuchora. Wanawaita takataka. Lakini huyu hakuwa mpita njia. Alikuwa mwanamke mzee ameketi mezani, mikono imezunguka kikombe, na ametulia kiasi kwamba hata mafundo ya vidole yalionekana.

"Huyo ni Smaranda," Ilinca alimwambia. "Ana miaka themanini na tatu. Aliingia humo akiwa msichana mdogo, wakati serikali ilipoigawa nyumba kwa familia kadhaa. Wengine wameondoka. Wajukuu wa mwenye nyumba walirudishiwa, wakaiuza kwa kampuni, na yeye mkataba wake unamruhusu kubaki vyumba viwili vya chini maadamu nyumba inakalika. Nilimwomba atoke mashine izunguke. Akasema chai yake itapoa."

Jeptoo alimwacha mezani pale mpaka siku ya mwisho ya kazi, ndipo akamfuta.

*

Aliyemleta Jeptoo katika ofisi ile ni Douglas. Walitoka kijiji kimoja, ingawa Douglas alimzidi miaka minane na alikuwa Qatar kwa miaka kumi. Yeye ndiye aliyepeleka vyeti vyake kwa meneja, na ndiye aliyempokea uwanja wa ndege. Wiki mbili za kwanza Jeptoo alilala katika kitanda cha binti yao, Tiffany, huku Tiffany akilala na wazazi, na Edith, mke wa Douglas, akimpikia sukuma wiki na kumwonyesha basi la kupanda. Kazini Douglas alikuwa mkaguzi. Hakuna mchoro uliotoka bila herufi za mwanzo za jina lake kwenye kisanduku cha chini, kando ya herufi za aliyechora.

Februari, Jumapili asubuhi, siku ya kwanza ya wiki ya kazi Qatar, Douglas alisimama nyuma ya kiti chake.

"Ile nyumba ya Romania imerudi," alisema. "Wamepima upya."

"Kwani tulikosea?"

"Hatukukosea. Mteja anataka michoro itoke kwa vipimo vipya tu. Vile vya kwanza ufute kwa seva." Alikuwa anatazama simu yake. "Na tarehe ya kupima uandike ile ya Novemba."

Jeptoo alidhani amesikia vibaya. Alifungua faili.

Juu ya mnara hakukuwa na paa, kulikuwa na miti mitupu. Vigae vikianguka vyenyewe huvunjika na kulala chini, lakini uwanja ulikuwa safi. Mkanda wa kijani ulikuwa umebanduliwa pande zote. Barazani nguzo ya tatu na ya tano hazikuwepo, na mahali pake palikuwa na magogo ya kushikilia matao, na matao yenyewe tayari yalikuwa na ufa. Sakafu ya chini ya ngazi ilikuwa na mashimo meusi. Ilimchukua muda kuelewa kwamba hayakuwa mashimo. Leza ikigonga maji hairudi vizuri, na pale palikuwa pamejaa maji.

Alienda jikoni. Mezani hapakuwa na mtu, ila kitanda kilikuwa kimehamishiwa humo, kimebanwa kati ya jiko na ukuta, na juu yake mablanketi yamekunjwa vizuri.

Alimkuta Douglas kwenye mashine ya kahawa.

"Baba Tiffany, umeifungua?"

"Nimeiona."

"Lile paa halikuanguka. Limeezuliwa."

"Najua paa lililoezuliwa likoje, Jeptoo."

"Sasa tukiandika Novemba, tutakuwa tunasema waliinunua hivyo. Kwamba ilikuwa gofu tangu mwanzo. Na kuna shosho wa miaka themanini na tatu anaishi humo ndani."

Douglas alitazama mlangoni kabla ya kujibu. "Sikiliza. Sisi hatujaezua, na hatujui nani ameezua. Sisi ni wachoraji, tunachora tunachopewa."

"Tulipewa mara mbili."

"Na ya kwanza imerudishwa." Aliteremsha sauti. "Huyu mteja ameshika nusu ya kazi ya ofisi hii. Edith yuko miezi mitano, presha inapanda inashuka, na daktari anayemjua yuko hapa. Siwezi kuanza kupigania nyumba za Wazungu. Fanya kazi, tafadhali. Nakuomba kama ndugu yako."

Jeptoo alirudi kwenye kiti chake na kufuta vipimo vya Novemba. Kompyuta ilimuuliza kama ana hakika, akabonyeza ndiyo.

Kesho yake, saa ya chakula cha mchana, alimpigia Ilinca ofisini kwake. Aliambiwa na sauti nyingine kwamba Ilinca hafanyi kazi tena hapo. Akamtafuta kwa namba yake binafsi.

"Waliniondoa Januari," Ilinca alisema. "Niliuliza maswali kuhusu mafundi niliowakuta juu ya paa. Nilikuwa nimetia saini kwamba vipimo vyote ni vyao, kwa hiyo walichukua kila kitu. Nimeenda ofisi ya majengo ya kale, wananiambia nilete ushahidi. Nina picha sita za simu, na mbili ni za paka." Kisha akauliza, "Wewe unavyo vile vipimo vya kwanza?"

"Nimevifuta jana."

Jeptoo alisikia kiberiti kikiwashwa upande wa pili.

"Basi," alisema Ilinca, bila hasira. "Ikitangazwa gofu, watapewa kibali cha kubomoa, na Smaranda atatolewa. Wanataka kujenga ghorofa tisa."

Jioni hiyo Jeptoo alimweleza Carolyne, muuguzi aliyekuwa akiishi naye chumba kimoja katika mtaa wa Najma. Carolyne alikuwa akipiga pasi sare yake na alisikiliza bila kuinua kichwa.

"Usitume kitu chochote nje ya ofisi," alisema. "Hapa ukishikwa na data ya kampuni, si kufutwa tu. Utajieleza polisi."

"Sina hata cha kutuma. Nimefuta."

"Basi umeshamaliza." Aligeuza mkono wa sare. "Sisi wodini hatufuti. Ukikosea kwenye faili la mgonjwa unapiga mstari mmoja, neno la kwanza libaki linasomeka, unaandika la pili na kutia saini. Ukipaka wino mweupe, hiyo ni kesi."

Carolyne hakuwa akimshauri. Alikuwa akilinganisha kazi zao tu, kama walivyozoea. Lakini Jeptoo alilala na maneno hayo, na Jumanne alipoanza kuchora alikuwa ameshaamua.

Vipimo vilikuwa vimefutwa, ila michoro yake ya kwanza ilikuwa bado kwenye folda yake ya kazi, paa, mkanda na nguzo zote saba. Alichora nyumba kama ilivyokuwa sasa, ufa kwa ufa. Kisha kila kilichokosekana akakichora kwa mistari iliyokatika-katika, jinsi wachoraji wote wanavyoonyesha kitu kilichoondolewa. Akakirudisha kigae kwa kigae kile kilichoezuliwa juu ya mnara, akaurudisha mkanda wa kijani na ndege anayetazama nyuma. Pembeni, chini ya maelezo kumi ya kawaida kuhusu vipimo na karatasi, aliongeza la kumi na moja: mistari iliyokatika inaonyesha sehemu zilizokuwepo jengo lilipopimwa tarehe 14 Novemba na ambazo hazikuwepo lilipopimwa tena tarehe 9 Februari. Akaweka herufi zake.

Ilibaki herufi za Douglas.

Jeptoo alijua anachofanya, na hilo ndilo linalomsumbua mpaka leo. Alijua Alhamisi saa tisa Edith alikuwa na miadi kliniki na Douglas lazima ampeleke. Alikuwa na michoro tayari tangu asubuhi, akaishikilia. Saa nane na nusu akamtumia karatasi zote kumi na nne, na Douglas akaja na funguo za gari mkononi.

"Ziko sawa?"

"Ziko sawa."

"Tarehe?"

"Ya Novemba iko."

Haukuwa uongo. Douglas aliinama akapitisha kurasa haraka, moja baada ya nyingine. Mistari iliyokatika huonekana kila mahali katika michoro, kwa matao, kwa ncha za paa, kwa kila kitu kilicho juu ya kichwa. Hakuona cha kumshtua. Aliweka herufi zake, akamgusa bega, akasema, "Asante kwa kunielewa," akaondoka mbio.

*

Wiki saba zilipita. Michoro ilikwenda Bukaresti, ikapewa mtafsiri, na mtafsiri, ambaye hakuna aliyemwambia asome au asisome, alitafsiri kila neno likiwemo la kumi na moja. Kampuni iliiwasilisha pamoja na ombi la kubomoa. Faili likawekwa wazi kwa umma kama ilivyo desturi kwao, na Ilinca, aliyekuwa akilifuatilia kila asubuhi, alilisoma akiwa amesimama barabarani. Kampuni ilikuwa imekiri kwa karatasi yake yenyewe kwamba paa na nguzo viliondolewa mikononi mwake. Ombi lilisimamishwa, na kampuni ikaamriwa kufunika paa mara moja na kueleza nguzo zilikokwenda.

Ilinca alituma ujumbe wenye alama nyingi za mshangao. Jeptoo aliusoma akiwa kwenye metro kuelekea kazini, kwa furaha na kwa hofu, hakujua kipi kilitangulia.

Saa nne meneja, Mlebanoni aitwaye Ghassan, aliwaita yeye na Douglas ofisini kwake. Karatasi ilikuwa mezani, maelezo ya kumi na moja yamezungushiwa kalamu nyekundu. Douglas aliisoma. Akairudia. Kisha akamtazama Jeptoo, na Jeptoo akashindwa kutazama kwingine.

"Ni mimi," Jeptoo alisema. "Yeye hakujua. Niliandika mwenyewe na nikamharakisha."

"Naona herufi zako," Ghassan alisema. Hakuwa amekasirika, alionekana mchovu tu. "Mchoraji anaweza kuandika chochote. Ndiyo sababu ninamlipa mkaguzi. Mteja ameondoa kazi zake zote leo asubuhi na anataka kujua ni nani aliyepitisha." Alimgeukia Douglas. "Kuna uongo hapa? Katika haya maelezo?"

"Hapana," alisema Douglas.

"Heri kungekuwa na uongo. Ingekuwa rahisi zaidi."

Douglas alipewa barua ya kufutwa kazi siku hiyohiyo, na bila kazi familia yake haikuwa na kibali cha kuendelea kukaa Qatar. Jeptoo aliandika yake ya kuacha kazi na kuipeleka, Ghassan akairudisha. Alisema wamebaki wachoraji wachache na jengo la maegesho la kumaliza, mkataba wake unaisha Desemba, na kwamba kuondoka kwake hakutamrudisha mtu.

Alijaribu kuongea na Douglas kwenye lifti, kisha kwa simu, kisha mlangoni kwao. Edith ndiye aliyefungua, tumbo limekuwa kubwa, miguu imevimba ndani ya ndala.

"Mama Tiffany, nimekuja kuomba—"

"Tunafungasha," Edith alisema. "Samahani, nyumba imejaa maboksi." Akafunga mlango polepole, kama mtu asiyetaka kuamsha mtoto.

Shirika la ndege lilitaka barua ya daktari, kwa kuwa Edith alikuwa amepita miezi saba. Waliyoipata ilimruhusu kusafiri ndani ya siku tatu tu. Siku ya safari Jeptoo alikwenda uwanja wa ndege bila kualikwa. Aliwakuta kwenye foleni ya mizigo. Tiffany alimkimbilia akamwonyesha begi lake jipya, na Edith akamwita arudi.

Douglas alitoka kwenye foleni akaja kusimama naye kando. Walitazama watu wakipita.

"Ile nyumba imepona?" aliuliza.

"Wamewaamuru waifunike. Kesi inaendelea."

"Na yule shosho?"

"Alipata ugonjwa wa kifua Machi. Mpwa wake alikuja kumchukua. Hawajui kama atarudi."

Douglas alitikisa kichwa. Alivua miwani akaifuta kwa ncha ya shati, akachukua muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Kitu ulichoandika ni kweli," alisema. "Nimekifikiria sana, na sina neno nacho. Lakini ungeniambia, Jeptoo. Pengine ningekataa. Pengine ningekuzuia. Lakini ungeniambia, niweke hizo herufi nikijua au nikatae nikijua. Ulingoja niwe na haraka ya kumpeleka mke wangu hospitali."

Jeptoo alitaka kusema kwamba aliogopa, kwamba alijua angekataa, na kwamba ndiyo sababu hakumwambia. Alisema, "Ndiyo. Nilingoja."

"Haya," alisema Douglas, akarudi kwenye foleni.

Mtoto alizaliwa Eldoret mwezi wa Mei, kabla ya wakati wake, akakaa kwenye mashine ya joto siku kumi na tisa. Jeptoo alisikia habari hizo kwa mama yake, aliyezisikia kanisani. Siku aliposikia kwamba wameruhusiwa kwenda nyumbani, alikaa kwenye benchi karibu na ofisi, saa kumi ya jua kali, na kupiga ile namba ya Douglas ya Kenya.

Ilipokelewa na Edith.

"Mama Tiffany, ni Jeptoo. Nimesikia mmetoka hospitali. Mtoto anaendeleaje?"

Nyuma yake ilisikika sauti ya Tiffany akiimba kitu.

"Ananyonya sasa," alisema Edith. "Jana alinyonya vizuri."

"Namshukuru Mungu. Ningeweza kuongea na Baba Tiffany?"

"Amelala."

Ilikuwa saa kumi alasiri, Kapsabet kama Doha. Jeptoo alisubiri kama kuna neno jingine.

"Nitamwambia umepiga," Edith alisema, kisha akakata.

Jeptoo alibaki na simu mkononi kwa dakika kadhaa, iwapo Douglas angeamka. Halafu akapanda kurudi ghorofa ya saba, ambako jengo la maegesho lilikuwa likimngoja, sakafu nane zinazofanana kabisa.